Marehemu Hana Kesi

Mama Mwiko alifariki asubuhi, akijiandaa kwenda mahakamani. Binti yake alipoingia chumbani kumhimiza alimkuta amekaa kitandani, kiatu kimoja mguuni na kingine mkononi, kichwa kimeegemea ukuta kama mtu anayevuta pumzi kidogo kabla ya kutoka. Moyo ulikuwa unamsumbua tangu mwaka uliotangulia. Daktari alimkataza chumvi, ngazi na hasira. Chumvi aliacha. Ngazi za mahakama aliendelea kuzipanda huku akishika ukuta, na kuhusu hasira alimjibu daktari kwamba hiyo asiiguse, maana ndiyo inayomwamsha.

Alikuwa ameishtaki redio. Kwa miaka mingi alikuwa mpishi wa shule ya msingi, na jina la Mama Mwiko alipewa na watoto kwa sababu ya mwiko wake wa mbao, mrefu karibu sawa na yeye, aliokuwa akikorogea uji kwenye masufuria makubwa. Watoto watundu walisema ni mwiko kwenda nyumbani bila kupita dirishani kwake. Kisha siku moja watoto wakaanza kushika matumbo. Kufikia jioni wodi ilikuwa imejaa, wawili wawili kitanda kimoja. Hakufa hata mmoja, na kabla ya wiki kwisha wote walikuwa wamerudi kwao wakikimbizana. Lakini asubuhi iliyofuata, kabla mtu yeyote hajapima chochote, mtangazaji mmoja ambaye mji mzima ulimwita Kasuku alifungua kipindi chake kwa kusema kwamba mpishi wa shule ana kinyongo na mwalimu mkuu, na kinyongo chenyewe amekimalizia kwenye sufuria. Alimwita Mama Sumu. Akaweka mlio wa mtu anayetapika, na wasikilizaji wakapiga simu wakicheka.

Watu wa afya walipokuja kupima walikuta njiwa wameoza ndani ya tangi la maji la shule. Hata watoto ambao hawakugusa chakula siku ile waliugua, kwa sababu walikunywa maji ya bomba. Hata mpishi mwenyewe aliugua. Taarifa ilitolewa, ikabandikwa kwenye ubao wa shule, mvua ikainyeshea. Redioni haikusemwa. Mama Mwiko alikuwa ameshaambiwa akae nyumbani mpaka mambo yatulie, na mambo hayakutulia. Waliokuwa wakimwita awapikie kwenye harusi wakaanza kumsalimia kwa haraka, kama watu wenye jambo jikoni.

"Mimi sitaki wanipe kitu," alimwambia wakili wake siku ya kwanza. "Nataka aliyesema aseme tena. Safari hii aseme kweli."

Kesi iliendelea kwa kujivuta. Mama Mwiko alitoa ushahidi wake, bwana afya akatoa wake. Zamu ya Kasuku ilipofika ndipo visingizio vilipoanza: mara wakili wa redio anaumwa, mara mteja wake yuko safarini, mara faili halionekani. Asubuhi ile Mama Mwiko alipokuwa anavaa viatu, Kasuku ndiye shahidi pekee aliyekuwa amebaki.

Binti yake alikuwa fundi wa mafriji, na watu wote, hata ndugu zake, walimwita Fundi. Alikuwa mwanamke wa maneno machache, mwenye ovaroli la bluu na makovu madogo ya kuunguzwa na gesi kwenye vidole. Siku ya mazishi hakulia. Alipokea wageni, akapanga viti, akatengeneza taa iliyokuwa inakonyeza sebuleni. Alipopita nyuma ya nyumba akitafuta ndoo, aliwasikia wanawake wawili waliokuwa wanaosha vyombo.

"Ndiye yule Mama Sumu wa redioni, eti?"

"Ndiye. Lakini tumsamehe, mwenzangu. Keshakwenda."

Fundi alisimama pale na ndoo mkononi. Kama wangemtukana mama yake angeweza kuwajibu. Lakini walikuwa wanamsamehe, kwa moyo mweupe kabisa, kosa ambalo hakulifanya.

Baada ya siku chache alikwenda kwa wakili. Ofisi yake ilikuwa juu ya duka la fotokopi, na mashine ya chini ilipofanya kazi meza ilitetemeka. Wakili alikuwa mama mnene mwenye sauti ya taratibu, anayetafuna njugu kutoka droo ya meza kila anapofikiri.

"Pole sana, mdogo wangu," alisema. "Nilikuwa nakuja kwako. Wenzetu wa redio wameshaomba kesi ifutwe."

"Kwa kosa gani?"

"Kwa kosa la kufa." Wakili alisukuma droo. "Sikiliza. Kuna kesi ambazo mtu akifa, watoto wake wanaziendeleza. Kama ni kiwanja, kama ni mkataba, unachukua nafasi ya mzazi wako na maisha yanaendelea. Lakini kuchafuliwa jina, sheria yetu inasema hilo ni jeraha la mtu mwenyewe. Akiondoka, anaondoka nalo."

"Jeraha la mtu mwenyewe?" Fundi aliinua sauti kidogo, jambo ambalo hakulizoea. "Mimi ndiye ninayeishi kwenye ile nyumba. Mimi ndiye mteja akisikia ni binti wa nani ananiuliza kama mikono nimenawa. Jina hilo yeye amekufa nalo vipi, wakati mimi ninalo hapa?"

"Mimi nakubaliana na wewe. Sheria ndiyo haijakubaliana na sisi wawili." Wakili alitafuna, akatazama dirishani. "Ipo njia moja nyembamba. Kama ushahidi wote ungekuwa umeshakwisha, inasubiriwa hukumu tu, kifo kisingeizuia. Hakimu angeisoma. Sisi ushahidi haujakwisha, amebaki Kasuku. Lakini nani aliyemchelewesha Kasuku? Wao. Nitasimama niseme hivyo: kwamba mtu hawezi kuburuta miguu mpaka mwenzake afe, halafu akafaidika na kifo hicho."

"Tutashinda?"

"Sijui. Nakuambia ukweli, naona kama hatutashinda. Lakini sijaona sababu ya kuwaachia kirahisi."

Nyumbani, mjomba wake hakutaka kusikia. Alikuwa mdogo wa marehemu, fundi cherehani aliyestaafu kwa sababu ya macho kufifia, na tangu dada yake augue alikuwa anaishi nao.

"Mama," alisema, maana hivyo ndivyo alivyomwita mpwa wake anapotaka kumbembeleza, "mwache dada yangu alale."

"Halali, Mjomba."

"Umejuaje?"

"Mtu aliyekufa na kiatu mkononi analalaje?"

Mjomba alinywa chai yake yote, akaenda chumbani, na baadaye mlio wa cherehani ukasikika. Siku ya kwenda mahakamani alitoka amevaa suti ya kijivu aliyoipunguza mwenyewe, mkono mmoja umezidi mwingine kidogo. Fundi aliona, akamweka kola vizuri.

Chumba cha mahakama kilikuwa na feni moja iliyozunguka kwa kulalamika na mabenchi yaliyong'aa kwa kukaliwa. Wakili wa redio alikuwa kijana mwembamba, mpole, mwenye viatu vilivyopigwa rangi vizuri. Kasuku alikaa nyuma yake. Fundi alikuwa amezoea kumsikia tu, na alishangaa kumwona ni mtu mfupi wa kawaida, amenyoa vibaya kidevuni, anayetazama magoti yake.

"Mheshimiwa," alisema wakili wa redio, "tunampa pole binti wa marehemu, na tunaitoa kwa dhati. Lakini sheria iko wazi. Heshima ya mtu ni yake yeye, hairithiwi kama nyumba. Huwezi kumchafulia jina mtu ambaye hayupo, na ambaye hayupo hawezi kulalamika. Kwa kifupi, Mheshimiwa, marehemu hana kesi."

Wakili wa Fundi alisimama polepole, akaegemea meza.

"Mheshimiwa, mteja wangu alipanda ngazi za jengo hili mara nyingi kuliko alivyoruhusiwa na daktari wake. Kila alipofika aliambiwa arudi siku nyingine. Hakuna hata mara moja ambapo aliyeomba siku nyingine alikuwa yeye. Leo wale wale walioomba muda wanasema muda umemwishia. Naiomba mahakama ihesabu kwamba ushahidi ulikuwa umekwisha siku ile ulipopaswa kwisha."

Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani iliyofungwa kamba shingoni, aliandika kwa muda mrefu. Alipoita tena pande zote kusikiliza uamuzi, aliusoma bila kupandisha wala kushusha sauti. Alisema ucheleweshaji ule ulikuwa wa aibu, na kwamba angependa kuwa na mamlaka ya kuutibu. Lakini hawezi kusema ushahidi umekwisha wakati haujakwisha. Sheria ilivyoandikwa, kesi ya kuchafuliwa jina inakufa na mwenyewe, na yeye si mtunga sheria. Kesi imefutwa.

Kisha akavua miwani.

"Jambo moja naliandika, ili mtu asije akapindisha maneno yangu. Uamuzi huu hausemi kwamba yaliyotangazwa yalikuwa kweli. Mahakama haikufika huko. Hakuna aliyeshinda hapa."

Mjomba alimshika Fundi mkono. Nje, kwenye ngazi, wakili alisema, "Nimejitahidi, mdogo wangu," na Fundi akamjibu kwamba ameona. Wakaingia mgahawa wa jirani kunywa chai, kwa sababu hakuna aliyekuwa na nguvu za kwenda nyumbani. Redio ya mgahawa ilikuwa imefunguliwa juu ya friji la soda. Taarifa ya habari ya mchana ilipofika, sauti ya msichana mmoja mchangamfu ikasoma: kituo hiki leo kimeshinda kesi iliyofunguliwa na mpishi aliyehusishwa na sumu ya shuleni.

Mjomba alimwaga chai kwenye suti yake.

"Kimeshinda?" alisema. "Si tulikuwa wote mle ndani? Au mimi na masikio pia nimestaafu?"

Wakili alikuwa tayari ameshika simu, anatafuta namba ya mwenzake wa upande wa pili. Fundi alinyanyuka, akasema anakwenda haja, akatoka kwa mlango wa nyuma na kupanda pikipiki yake.

Kituo cha redio kilikuwa kwenye ghorofa la vioo, geti lake lina mlinzi. Mlinzi aliona ovaroli alilokuwa amelifunga nyuma ya pikipiki na boksi la vifaa, akauliza, "Umekuja kwa ajili ya eisii, ile mashine ya kupoza studio?" Fundi hakupenda uongo, lakini hakusema hapana. Akafunguliwa.

Alimkuta Kasuku kwenye ngazi za nyuma, karibu na jenereta, anavuta sigara. Kasuku alimtambua papo hapo. Alirudi nyuma hatua moja, mgongo ukagusa ukuta.

"Dada, mimi siye niliyeandika ile habari."

"Uliisikia?"

"Niliisikia."

"Mmeshinda nini?"

Kasuku aliidondosha sigara, akaikanyaga, akaendelea kuikanyaga hata ilipokwisha kuzimika.

"Nikuulize jambo moja tu," Fundi alisema. "Ulijua lini kwamba ni maji?"

Jenereta lilikuwa limezimwa na ua ulikuwa kimya. Mtu fulani juu alikuwa anacheka kwenye simu.

"Wiki ile ile," alisema Kasuku. "Bwana afya alinipigia mwenyewe. Nikaenda kwa wakubwa, nikasema tusahihishe. Wakasema tungoje. Halafu mama akashtaki, ndiyo ikawa basi. Wakili alisema nikikiri kwamba nimekosea, nimejifunga kitanzi mwenyewe, na nimekifunga kituo kizima. Nisiseme neno mpaka kesi iishe. Kila nikipangiwa kutoa ushahidi, usiku silali. Wakiahirisha, namshukuru Mungu. Nakuambia ukweli, dada. Nilikuwa nafurahi."

Fundi alikuja amejaa matusi aliyoyapanga njia nzima. Sasa alijikuta anafikiri, kama anavyofikiri mbele ya friji lisilogandisha: nini kinazuia, kiko wapi, na kama kikiondolewa nini kitaanza kwenda.

"Kesi imeisha," alisema.

"Naam?"

"Wakili wako amesimama mbele ya hakimu akasema marehemu hana kesi. Hakimu akakubali. Mama hawezi kukushtaki tena. Mimi siwezi kukushtaki kwa ajili yake, nimeambiwa leo mbele yako. Ukisema kesho asubuhi kwamba ulikosea, nani atakufanya nini mahakamani? Hakuna. Mlipigana ili usibanwe. Sasa hubanwi." Alisogea karibu. "Kitanzi kiko wapi?"

Kasuku alimtazama kwa mara ya kwanza usoni.

"Kuna kazi yangu," alisema taratibu. "Wakubwa hawatapenda."

"Hilo ni kweli. Mimi sikulazimishi, na sina cha kukutishia nacho. Ndiyo maana nimekuja: ukisema sasa, utakuwa umesema kwa kupenda mwenyewe." Akageuka. Getini mlinzi alimuuliza kama eisii imepona. "Bado," alisema Fundi.

Siku zikapita na Kasuku hakusema kitu. Kipindi chake kiliendelea na utani wake wa kila siku: mwanamume aliyemuoa shemeji yake, mbuzi aliyepanda paa. Fundi alikisikiliza kila asubuhi kwa meno yaliyobanana, mpaka Mjomba akamwambia kwa upole kwamba kuna stesheni nyingine zinazopiga muziki mzuri. Wakili alifanikiwa kuifanya redio irudie ile taarifa ya "ushindi" kwa maneno ya hakimu, sentensi mbili zilizosomwa haraka kabla ya hali ya hewa. Fundi aliona hicho ndicho chote kitakachopatikana. Alijiambia aanze kuzoea.

Asubuhi moja alikuwa kwenye bucha, amepiga magoti ndani ya chumba cha baridi, anatafuta mahali gesi inapovuja kwa povu la sabuni. Nje, muuza nyama alikuwa ananoa kisu na redio imefunguliwa. Muziki wa kufungulia kipindi ulianza, kisha ukakatwa katikati.

"Wasikilizaji," ilisema sauti ya Kasuku, na haikuwa na ule mchezo wake. "Leo hakuna utani. Miaka michache iliyopita, kwenye kiti hiki, nilisema mpishi wa shule aliwalisha watoto sumu. Sikumwona. Sikumuuliza. Kuna mtu alinipigia simu, nikaiona habari ni tamu, nikaitia chumvi, nikairusha hewani. Wiki ile ile niliambiwa ni maji, kulikuwa na njiwa ndani ya tangi. Nikanyamaza. Mama huyo ameaga dunia akingoja niseme. Sasa nasema. Hakutia sumu. Nilisema uongo, na baada ya kujua ni uongo nikaulinda."

Muuza nyama aliacha kunoa. "Fundi," aliita, "njoo usikie mambo!"

Fundi alikuwa ameshatoka, povu mkononi.

"Watu wataniambia alikuwa mpishi mzuri," Kasuku aliendelea. "Mimi sijawahi kula chakula chake, siwezi kulisema hilo. Nimeshasema mengi nisiyoyajua. Kama wewe ulisoma pale na ulikula dirishani kwake, piga simu, utuambie wewe."

Kukawa na ukimya wa redio, ule unaofanya mtu adhani betri zimekwisha. Muuza nyama alinyoosha mkono kuongeza sauti.

Wa kwanza kupiga alikuwa dereva wa lori aliyeegesha kando ya barabara. Alisema Mama Mwiko alikuwa akigundua mtoto gani hajala nyumbani, akimwita jikoni amsaidie kuonja kama chumvi imekolea, na mtoto akaonja mpaka akashiba. "Mimi nilionja chumvi miaka minne," alisema. Akafuata muuguzi, kisha mwanamke aliyetaka tu kusema kwamba alikuwa mmoja wa waliolazwa siku ile, na mama yule alikuja wodini akiwa mgonjwa mwenyewe, akawapepea. Kisha mzee mmoja akasema yeye hakusoma pale, lakini alimcheka mama huyo sokoni, na anaomba radhi. Kijana mwingine alisema wote wanamsifia na ni sawa, ila haki itendeke, maharage yake yalikuwa na mawe, na jino lake moja ni shahidi.

Hapo Fundi akacheka. Alicheka kwa nguvu, mpaka akashika meza ya nyama, na katikati ya kicheko machozi yaliyokataa kutoka siku ya mazishi yakatoka yote kwa pamoja. Muuza nyama, mtu wa mikono mikubwa asiyejua aiweke wapi, alimletea kiti, kisha taulo, kisha, baada ya kufikiri, maini yaliyofungwa kwenye karatasi.

"Ni mama yako?" aliuliza.

"Ni mama yangu."

"Mimi pia nilikuwa namwita vile," alisema muuza nyama. "Lile jina lingine. Nisamehe."

Kabla ya saa ya kipindi kuisha sauti ya Kasuku ilikatwa ikawekwa miziki. Kituo kilimsimamisha. Baadaye kikamrudisha, kwa kuwa wasikilizaji walipiga simu nyingi zaidi kumuulizia kuliko walivyowahi kupiga kwa sababu ya mbuzi wa paani, lakini kikampa kipindi cha mchana. Alimtumia Fundi ujumbe mmoja wa kuomba radhi. Fundi aliusoma mara nyingi. Mwishowe alimjibu kwamba amemsikia, na kwamba mengine bado hajui, ampe muda. Ulikuwa ukweli, na Kasuku aliupokea.

Mtaani, mambo hayakugeuka kwa siku moja. Wapo walioendelea kusema mtangazaji amehongwa. Lakini mmoja wa wale wanawake wa kuosha vyombo alikuja jioni moja na mgeni wake, akasimama mlangoni, akamwambia mgeni kwa sauti ya kusikika ndani, "Hapa ndipo alipokuwa anakaa Mama Mwiko, yule mpishi wa shule." Alisema hivyo tu, hakuongeza kitu. Fundi aliwakaribisha ndani.

Siku za baridi zilipoanza, wakili alimpigia simu. Fotokopi ilikuwa inanguruma nyuma yake.

"Mdogo wangu, kuna kamati ya wabunge inapitia sheria ya kuchafuliana majina. Wanataka kusikia watu yaliyowafika. Moja ya maswali yao ni hili hili letu: mlalamikaji akifa, kesi ife au iendelee. Nimewatajia wewe."

"Wakibadilisha, itamsaidia mama?"

"Hapana. Haitarudi nyuma kumchukua. Itamsaidia mwingine, ambaye hatumjui."

Fundi alimwaza mtu huyo asiyemjua, ambaye pengine wakati huo alikuwa anapanda ngazi fulani mahali fulani akishika ukuta.

"Nitakuja," alisema.

Jioni ile Mjomba alijitolea kuwa kamati. Alikaa upande wa pili wa meza, akavaa miwani ambayo haimsaidii tena, akakohoa kwa heshima kubwa.

"Sisi wabunge tunauliza," alisema. "Marehemu kazini hayupo, nyumbani hayupo. Ukimsafishia jina atajuaje?"

"Hatajua."

"Sasa faida yake?"

Fundi alitazama mikono yake. "Yeye ndiye aliyetukanwa, lakini sisi ndio tunaobaki na tusi. Tunalala nalo, tunaamka nalo, watoto wetu wanaulizwa juu yake shuleni. Mnasema jina ni la mtu mwenyewe. Mbona akifa hamliziki naye? Mnaliacha hapa mtaani linatembea. Basi kama jina linabaki, na kesi yake ibaki."

Mjomba aliisukuma juu miwani iliyokuwa imemshuka puani.

"Hapo sawa," alisema hatimaye. "Hapo kabisa. Rudia tena, lakini safari hii usinitolee macho. Mimi ni mbunge."